Mama Fredy na Boksi la Ngoma

Katika wanunuzi wote wa mawe ya dhahabu wanaoingia na kutoka Kahama, Mama Fredy wa Nyahanga ndiye peke yake ambaye hajawahi kuuziwa mbuzi kwenye gunia. Wenzake wameuziwa. Wapo waliouziwa mbuzi, kamba ya mbuzi na mlio wa mbuzi, na bado wakamshukuru muuzaji na kumpa lifti mpaka mjini. Mama Fredy, hapana. Jina lake la ubatizo ni Lusia, binti Bujiku, lakini ukiita Lusia kule machimboni yeye mwenyewe atageuka kutazama anayeitwa ni nani.

Kazi yake haina maelezo marefu. Wachimbaji wanatoa mawe shimoni, wanayajaza kwenye viroba, na mnunuzi anatakiwa aseme kama ndani ya kiroba mna mali au mna magwangala, yaani mawe ya kutupa. Kwa macho huwezi kujua. Kwa hiyo desturi ni kwamba mnunuzi anaruhusiwa kuchota sampo moja: konzi ya mawe inatwangwa mpaka inakuwa unga, unga unaoshwa kwenye karai, na kinachobaki chini ya karai ndicho kinachosema. Sampo ni moja tu. Ukiomba ya pili watu wanaanza kukuangalia kama mgeni aliyeomba kuongezewa nyama.

Na hapo ndipo watu wanapolia, maana muuzaji naye hakuzaliwa jana. Mawe yake mazuri, zile mbale zenyewe, anayapanga juu, kwenye mdomo wa kiroba. Mnunuzi mwenye tamaa anachota pale pale juu, anaona rangi ya njano kwenye karai, moyo unamwenda mbio, analipa. Akifika kwake na kumwaga kiroba chote anakuta amenunua kokoto za kujengea choo.

Mama Fredy hachoti juu. Anakunja mkono wa gauni, anazamisha mkono katikati ya kiroba mpaka kwapani, anachota huko huko gizani, na muda wote huo anamtazama muuzaji usoni. Miaka kumi na minne anafanya hivyo. "Mdomo wa kiroba ni mdomo wa muuzaji," husema, na wachimbaji wameshachoka kuusikia msemo huo, lakini hakuna hata mmoja aliyewahi kuukanusha.

Kinyume chake ni Magesa. Huyu ni mtu wa makamo aliyekuja zamani kutoka upande wa Musoma, anakaa Nyasubi, na yeye ananunua mawe vile vile. Magesa anachota juu. Amechota juu tangu alipofika na atachota juu mpaka azikwe. Akiulizwa anasema kwamba mtu akikukaribisha nyumbani kwake unaingilia mlangoni, huvunji ukuta wa chumbani. Ni maneno mazuri, na kwa maneno hayo nusu ya mabati mapya yanayong'aa Kagongwa yamelipiwa na yeye. Watu wanampenda sana Magesa. Wanamsubiri kwa hamu.

Basi, mwaka jana, mavuno yalipokuwa yanakaribia, Davis akatoa boksi lake.

Davis ana studio pale Nyasubi, karibu na soko. Anapiga picha za harusi, vipaimara na misiba, na nyuma ya kiti cha wateja amechorewa maporomoko ya maji ambayo hayapo popote katika mkoa wa Shinyanga. Lakini zamani, kabla ya simu hizi kumfanya kila mtu kuwa mpiga picha, Davis alikuwa kijana mwenye kamera ya video nzito kama ndama, na kwa miaka kumi na miwili mfululizo alikwenda nayo kwenye mashindano ya ngoma yanayofanyika baada ya mavuno. Kanda zake zilikaa kwenye sanduku la bati chini ya kitanda. Mke wake alitaka kulitumia sanduku kuwekea mahindi. Ndipo Davis alipozihamisha kanda zote kwenye sidii.

Naye hakuzitoa kienyeji. Alimpa fundi seremala kazi ya kuchonga maboksi ya mninga, ndani yametandikwa kitambaa chekundu, na katika kila boksi mna sidii kumi na mbili, moja kwa kila mwaka, pamoja na kijitabu chenye picha na kipande cha ngozi ya mbuzi ambacho, kwa mujibu wa kijitabu, kilitoka kwenye ngoma iliyopigwa uwanjani enzi hizo. Kila boksi limeandikwa namba kwa mkono, kuanzia moja hadi hamsini. Gari lenye spika lilipita mitaani siku tatu likitangaza kwamba hili ni toleo la watunza kumbukumbu, halitarudiwa, na atakayelikosa ajilaumu mwenyewe. Bei yake ilikuwa ya mbuzi watatu wazuri, au wanne wa kawaida.

Mama Fredy alisikia tangazo hilo akiwa anafua, na sabuni ikamponyoka.

Inabidi nieleze sababu. Baba yake, Bujiku, alikuwa mchezaji wa bugobogobo, ngoma ya majembe, upande wa Bagalu. Asiyejua aelewe kwamba mashindano haya hayana majaji wa kukaa mezani. Bagalu wanacheza upande huu wa uwanja, Bagika upande ule, kwa wakati mmoja, na watu wanakimbilia kwa anayewavutia. Atakayebaki na umati ndiye mshindi. Kwa hiyo kila kundi lilikuwa na mtu wake wa kuvuta watu, na kwa Bagalu wa Nyahanga mtu huyo alikuwa Bujiku. Walisema alikuwa analirusha jembe juu kuliko nguzo ya umeme, anazunguka mara moja mahali pale pale, na kulidaka nyuma ya mgongo bila kutazama. Walisema akilirusha, hata wauza miwa wa upande wa Bagika walikuwa wanahama na miwa yao.

Walisema. Mama Fredy mwenyewe hakuwahi kuona. Mama yake, Scolastika, alikuwa mtoto wa katekista, na kwake yeye ngoma ilikuwa dawa na ushirikina mtupu. Siku ya mashindano aliwafungia watoto ndani, akabandika maharage, akamkabidhi Lusia mwiko, kisha yeye akajifunga kanga akaenda Kagongwa kumwombea mgonjwa. Lusia alikoroga maharage na kusikiliza ngoma kwa mbali. Mpaka leo akisikia ngoma za Kisukuma pua yake inanusa maharage. Alipofika miaka kumi na minne baba yake alibatizwa, akafunga ndoa ya kanisani na mama yake, na lile jembe likawa la kupalilia pamba. Hakucheza tena. Alifariki mwaka elfu mbili na kumi na moja, na picha aliyoiacha ni moja, ya pasipoti, ambayo ndani yake anaonekana kama mtu anayetuhumiwa wizi wa baiskeli.

Kwa hiyo alichokitaka Mama Fredy kilikuwa kitu kimoja. Alitaka kumwona baba yake akicheza. Hata mara moja, hata kwa mbali. Alikitaka vibaya sana, na ndiyo maana alijikaza. Biashara ilikuwa imemfundisha kwamba kiroba unachokitamani kabla hujakipima ndicho kitakachokufilisi.

Tena halikuwa suala lake peke yake. Akina mama wa jumuiya walishamwambia kwamba wanamsubiri. Wengi wao walikuwa na baba, mjomba au mume wa kwanza aliyewahi kucheza, na walitaka kujua kama boksi lina thamani ya mbuzi watatu. Mama Fredy akisema ndiyo, watanunua. Akisema hapana, watanunua mbuzi.

Alikwenda Jumamosi mchana. Alimwamkia Davis shikamoo, Davis akaitikia marahaba, akampangusia kiti cha plastiki na kumpa soda ya machungwa. Mama Fredy alilipima kwanza boksi kwa nje. Aliligonga kwa kidole kama mtu anayenunua jeneza. Mninga ulikuwa mninga kweli. Bawaba zilikuwa ndogo lakini zinafunga. Kitambaa kilikuwa safi. Ile ngozi aliinusa, akagundua kwamba mbuzi yule alikuwa hai mpaka wiki iliyopita, akairudisha mahali pake. Katika kijitabu alikuta kurasa nane: tano zilikuwa na picha za Davis, moja ya mke wa Davis, moja tangazo la bei za harusi, na moja ya wachezaji, waliopigwa kwa nyuma.

Kisha akauliza lile lililomleta. Aliuliza kama Bujiku wa Bagalu yumo.

"Wote wamo," Davis alisema.

Jibu hilo halikumfurahisha. Ukimuuliza muuzaji wa mawe kama kiroba kina dhahabu atakujibu kwamba imejaa, na ukimuuliza kama kina almasi atakuambia uangalie vizuri. Davis, kwa upande wake, hakuwa anadanganya. Alikuwa hakumbuki. Alikuwa amewapiga watu elfu moja wenye majembe, na wote walikuwa wanarukaruka.

Waliafikiana kwamba ataonyeshwa sidii moja, kwa heshima ya kazi yake. Davis akachukua ile ya kwanza, ya mwaka tisini na nane, iliyokaa juu kabisa, akaanza kuipangusa kwa shati. Alisema aanze na hiyo, maana ndiyo tamu kuliko zote.

Ala! Mama Fredy alikaribia kumwonea huruma. Miaka kumi na minne watu wanampa mawe ya juu, wanayapangusa kwa shati, wanamwambia haya ndiyo matamu. Alimshukuru. Akakunja mkono wa gauni, ingawa safari hii hakukuwa na haja, akaingiza mkono katikati ya boksi na kutoa sidii ya saba. Davis alikuna kichwa. Alianza kusema kwamba mwaka ule kulikuwa na matatizo kidogo, lakini Mama Fredy alikuwa anamtazama usoni, Davis akawasha deki.

Sidii ya saba ilikuwa na saa moja na dakika ishirini. Kwanza ilikuja hotuba ya mgeni rasmi, dakika ishirini na sita, kuhusu umuhimu wa kuchimba vyoo. Rangi zote zilikuwa zimegeuka kijani, kwa hiyo mgeni rasmi alionekana kama mtu anayehitaji choo mwenyewe. Sauti ilikuwa ya upepo, na karibu na kipaza sauti alikuwepo mtu anayekula muwa. Ulisikika wote, tangu pingili ya kwanza mpaka makapi. Ngoma zilipoanza, mtu mwenye kofia pana alisimama mbele ya kamera. Alikuwa mrefu. Kwa dakika thelathini na tano Mama Fredy aliitazama kofia ile mpaka akaijua, alijua mahali iliposhonwa na mahali itakapochanika. Mara mbili jembe lilionekana likipaa juu ya kofia na kurudi chini. Kisha betri ikaisha. Picha iliporudi ilikuwa kesho yake asubuhi, na ng'ombe walikuwa wanakula nyasi uwanjani.

Mwisho palikuwa na nyongeza, mahojiano maalumu, ambapo Davis alimuuliza Davis changamoto kubwa aliyokutana nayo katika kazi ni ipi. Davis alifikiri kidogo, akajibu kwamba ni mvua.

Mama Fredy aliangalia mpaka mwisho, maana hana tabia ya kumwaga karai kabla maji hayajatulia. Alimaliza soda. Alisimama, akamwambia Davis asante na pole kwa kazi. Pale mlangoni alisema neno moja, magwangala, tena kwa upole, kama daktari. Lakini mlangoni palikuwa na akina mama wawili wa jumuiya waliokuwa wanajifanya kuchagua nyanya, na kufikia jioni neno lilishafika Kagongwa.

Akina mama wakanunua mbuzi. Mama Fredy akarudi kwenye mawe. Watu walimsifu kwa kuwaokoa, na kila aliposifiwa alijisikia vibaya zaidi. Alikuwa amepima kwa haki, hana wasiwasi na hilo. Lakini usiku alikuwa analala na uchungu kifuani, kama mtu aliyemzika baba yake mara ya pili, na safari hii kwa neno lake mwenyewe. Mama yake, Bibi Scolastika, ambaye sasa ana miaka themanini na kidogo na anakaa naye pale Nyahanga, alimuuliza mara moja kwa nini hali vizuri. Akasema ni jua.

Zilipita wiki tatu. Siku hiyo alikuwa ameinama juu ya karai, anaosha sampo ya kijana mmoja aliyekuwa ameshaanza kutoa jasho, mara akaona viatu vya Magesa vimesimama mbele yake. Magesa alisubiri mpaka alipomaliza, akasubiri mpaka yule kijana alipobeba kiroba chake na kuondoka. Kisha akamweleza kwamba yeye alinunua boksi, namba tisa. Mama Fredy hakushangaa. Akampa pole.

"Mama Fredy," Magesa alisema, "mzee wako yupo kwenye mdomo wa kiroba."

Mama Fredy aliweka karai chini. Magesa akaeleza taratibu. Alikuwa ameweka sidii ya juu, kwa sababu ndiyo iliyokuwa juu. Hizo nyingine hakuwa amezigusa na hakuwa na mpango huo. Kwenye sidii ile mtangazaji wa uwanjani anataja kabisa kwenye spika, Bujiku wa Nyahanga, upande wa Bagalu. Na hata asingetaja, Magesa alisema, paji la uso ni hilo hilo analolitazama sasa hivi, limekunjana hivyo hivyo.

Siku nyingine Magesa angepata neno kama hilo angelitangaza machimbo yote kwa mwezi mzima, na angekuwa na haki. Siku hiyo alisema tu kwamba Jumapili baada ya misa watakuwa nyumbani, yeye na mama watoto, na chai itakuwepo.

Jumapili Mama Fredy alikwenda. Alikaa ukingoni mwa kochi la Magesa, mkoba mapajani, kama mtu aliyekuja kuposa. Mke wa Magesa alimpa chai na maandazi akaenda zake jikoni. Sidii ilianza. Picha ilikuwa nzuri. Rangi zilikuwa rangi. Mgeni rasmi alisema maneno machache akakaa. Hakukuwa na kofia. Mama Fredy, ambaye ni mtu wa haki hata akiumia, alikiri moyoni kwamba hii ilikuwa mbale tupu.

Kwenye dakika ya kumi na tisa spika ikataja jina, na Bujiku akaingia uwanjani.

Alikuwa mfupi. Hilo ndilo lililompiga kwanza. Alikuwa amesahau kabisa kwamba baba yake alikuwa mfupi. Alivaa fulana nyekundu, suruali imekunjwa mpaka magotini, njuga miguuni, na bega lake la kushoto lilikuwa limeshuka kidogo, vile vile lilivyoshuka miaka yote aliporudi shambani, na hilo pia alikuwa amelisahau. Alikuwa anacheka. Alitingisha njuga mara tatu, akageuka akatazama pembeni, nyuma ya kamera, mahali ambapo picha haifiki, akacheka zaidi, kama mtu aliyemwona mtu wake. Kisha akalirusha jembe.

Davis, kijana mwenye kamera nzito kama ndama, akalifuata jembe. Kamera ilipanda nalo. Likapita vichwa vya watu, likapita matawi, likapita nguzo ya umeme, kweli tupu walisema, likatoka kwenye picha. Likabaki anga na wingu moja. Kamera ikalitafuta kulia, ikalitafuta kushoto. Umati ukapiga kelele kubwa mno. Kamera ikashuka haraka, na ilipotulia ilikuwa imetulia juu ya mgeni rasmi, anatazama saa yake.

Basi. Ilipowarudia wachezaji, Bujiku alikuwa ameshapisha wengine.

Zilikuwa sekunde kumi na moja. Mama Fredy aliomba irudishwe nyuma. Ikarudishwa. Aliomba tena. Mara ya nne Magesa alimkabidhi rimoti, akasema anakwenda kuangalia kuku, na kuku wale waliangaliwa siku hiyo kuliko siku yoyote ya maisha yao. Mama Fredy alilia bila sauti, akirudisha nyuma, akilia, akirudisha nyuma. Lakini kufikia mara ya tisa lilikuwa limeshamwingia jambo lingine, nalo halikutoka. Alilidaka au hakulidaka? Umati ulipiga kelele, sawa. Umati unapiga kelele jembe likidakwa, na unapiga kelele kubwa zaidi jembe likimwangukia mtu kichwani.

Kesho yake alikuwa studio kwa Davis. Alimuuliza. Davis alifikiri kwa muda mrefu kuliko alivyofikiri kuhusu ile mvua, akasema kwa unyonge kwamba siku zimepita nyingi, na kwamba yeye wakati ule alikuwa analitafuta jembe. Mama Fredy akatoa pesa za boksi. Davis angeweza kupandisha bei, na angeweza kusema maneno. Aliuliza tu kama angependa sampo.

"Nifungie," Mama Fredy alisema.

Alilibeba kichwani kutoka Nyasubi mpaka Nyahanga, mchana kweupe, barabara kuu, na kila aliyemjua alimwona. Mbele ya duka la mashine za kusaga alikutana na wale akina mama wa nyanya. Aliwaambia kwamba alikosea. Walimwuliza alikosea nini, akawajibu kwamba alichota katikati. Hawakumwelewa, akapita.

Nyumbani Bibi Scolastika alikuwa sebuleni, amekaa kwenye kigoda, anachambua maharage kwenye ungo. Mama Fredy alimwamkia, akamwonyesha boksi, akamweleza kilichomo. Bibi alisema hayo mambo ya kipagani alishayaacha yalipokuwa, na kwamba Bujiku alikuwa mtu mwema isipokuwa majivuno; lile jembe lingemuua kama Kanisa lisingemwahi. Akageuza kigoda, mgongo ukaelekea runinga, akaendelea kuchambua.

Mama Fredy hakubishana. Aliweka sidii ya juu, akasogeza mpaka dakika ya kumi na tisa. Spika ikataja jina. Njuga zikalia. Mkono wa Bibi ulisimama juu ya ungo, kisha ukaendelea. Jembe likapaa, wingu likaja, umati ukapiga kelele, mgeni rasmi akatazama saa.

Mama Fredy alisema, hasa kwa nafsi yake, kwamba hatajua kamwe kama alilidaka.

"Alilidaka," Bibi Scolastika alisema, bado amewapa mgongo bintiye na runinga.

Mama Fredy aliuliza amejuaje, na sauti yake mwenyewe aliisikia kama ya mtoto.

"Nilikuwepo."

Maharage mabovu yalitupwa upande mmoja, mazima upande mwingine. Mama Fredy alihesabu miaka, akahesabu sufuria zote za maharage alizozikoroga mlango ukiwa umefungwa kwa nje.

"Na yule mgonjwa wa Kagongwa, mama?"

"Alipona."

Kisha Bibi akaweka ungo chini. Alishika kigoda kwa mikono miwili, akakigeuza, akakaa akiitazama runinga, kanga ameifunga vizuri kama mtu aliyefika ugenini, akamwambia bintiye arudishe nyuma. Mama Fredy akarudisha. Bujiku akaingia, mfupi, bega limeshuka. Akatingisha njuga mara tatu. Akatazama pembeni, nyuma ya kamera, akacheka, akarusha. Wingu likaja. Kelele zikaja. Bibi Scolastika alikuwa haitazami saa ya mgeni rasmi. Alikuwa anatazama pembeni kidogo ya runinga, ukutani, mahali ambapo hapakuwa na kitu.

"Kwa mkono wa kushoto, ng'wanone," alimwambia mwanawe. "Wa kulia alikuwa ananipungia mimi."